Nani Aanze Wimbo

Kerlouarn, Novemba 12, 1978

Maivon, mpwa wangu,

Nimeimba! Peke yangu, nimesimama wima katikati ya jiko, nimeimba wimbo mzima wa bi harusi, tangu anapofungua kabati la mama yake mpaka anapofika kwa mumewe, bila kukosea hata neno. Kile kinasa sauti ulichoniachia kimemeza yote. Kanda iko humu ndani ya bahasha. Ukiisikiliza funga mlango, watu wa Paris wasije wakakaa kwenye ngazi wakalia.

Natumaini barua hii itakukuta mzima na kwamba umeanza kula, maana ulipokuja kiangazi ulikuwa mwembamba kama mpini wa reki. Huku sote wazima. Mama yako mzima, na ulimi wake mzima zaidi. Jana kaja kuniambia kuwa dada yake mdogo na kaka yake mkubwa wote ni wapumbavu, na kaka yake mkubwa ni mmoja tu, kwa hiyo nimejijua. Mitufaha imezaa sana, mapipa yamejaa, na padri ameshapita mara mbili kuuliza kama pombe imeiva. Namwambia bado, Baba. Anasema angependa kuhakikisha mwenyewe.

Haya. Nimesoma tena hapo juu, nimeona bora niseme kabla kanda haijanisema. Utasikia mistari michache, halafu kikohozi, halafu mbwa, halafu mimi nikimtukana mbwa. Matusi yale ni Kibretoni safi, lugha ya kwetu hasa, unaweza kuyaweka kwenye hiyo filamu unayotaka kututengenezea.

Lakini lawama si yangu. Wewe lugha yetu umeisoma darasani, ukubwani, na unaiongea kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe, kwa hiyo nakueleza polepole. Kwetu mtu haimbi peke yake. Mwimbishaji anatupa mstari. Mwitikiaji anaudaka mkiani kabla haujaanguka, wanaimba pamoja maneno ya mwisho, kisha mwitikiaji anaurudia wote, na mwimbishaji hapo ndipo anapopumua na kuutafuta mstari unaofuata. Halafu naye anaudaka wa mwenzake mkiani. Ukinisimamisha peke yangu mbele ya mashine, ni kama kumpa mtu mmoja msumeno wa watu wawili ukamwambia pasua mbao.

Kwa hiyo nitafutie mwitikiaji huko kwenye mashule yenu. Nakuandikia kama masikio yanavyosikia, maana shuleni walinifundisha kuandika Kifaransa tu, na hicho nacho walikifundisha kwa makofi. Usinisahihishe.

Mjomba wako,
Visant Coadic


Paris, Desemba 3, 1978

Mjomba wangu mpendwa,

Salamu, na nakubusu mashavu yote mawili, la upande wenye sharubu zinazochoma na la upande mwingine. Kanda imefika. Mbwa ana sauti nzuri, mpe mfupa.

Mimi ni mzima na ninakula. Jirani yangu wa chini ni mama mmoja kutoka pwani yetu, aliletwa huku akiwa msichana kufanya kazi za ndani. Aliposikia naisikiliza kanda yako alipanda ngazi na aproni yake, akasimama mlangoni, akasema, "Huyo mtu anamtukanaje mbwa vizuri hivyo!" Akanipa chapati za ngano nyeusi kwenye sahani. Kwa hiyo umeshaanza kunilisha ukiwa huko huko.

Sasa jambo lenyewe, nami nitakuambia wazi ili usije ukasema nilikuficha. Bwana Delmas, mkuu wa kampuni ninakofanya kazi ya kukata na kuunga filamu za matangazo ya sabuni, amekubali kunipa kamera, mpiga picha na mtu wa sauti wiki ya Pasaka. Lakini filamu anayoiona yeye kichwani ni hii: wazee wamekaa kando ya moto, kimya, na msimulizi mwenye sauti laini anatueleza kwa Kifaransa kwamba hawa ndio wa mwisho. Nilimwambia, "Mimi sitaki filamu ya kuizungumzia lugha, nataka filamu inayozungumza lugha." Tukabishana mpaka makarani wakafungua milango. Mwishowe tumekubaliana. Nikirudi na tukio moja lililosimama lenyewe, watu wakiwa wazima na wanacheka, lisilohitaji mtu wa kulieleza, filamu yote itakuwa kwa Kibretoni na maneno yataandikwa chini. Nikirudi bila hilo, msimulizi ataletwa, na mimi nitarudi kwenye sabuni.

Tukio hilo ni wimbo wako, Mjomba. Sina lingine.

Na swali. Juu ya kabati la mama kuna picha ya harusi ya zamani. Mmesimama watu wawili, mmeshikana mikono, vichwa vimegusana kama mbuzi wanaosalimiana, vinywa wazi. Mmoja ni wewe na nywele zako zote. Mwingine mama anasema ni Loeiz Rohou, na kwamba yuko hai, ng'ambo ya kijito, na anakamua ng'ombe kila siku. Mbona hujamtaja?

Mpwa wako,
Maivon


Kerlouarn, Januari 20, 1979

Mpwa wangu,

Nimechelewa kujibu, lawama ni ya theluji. Mwaka mpya ulitukuta mabomba yameganda na mtu wa posta hajaonekana. Alipopita nilimwuliza alikuwa wapi, akasema alikuwa kitandani na mkewe. Nikamwambia hata mimi ningekuwa na mke kama wako ningeogopa kutoka.

Habari kubwa: tumechinja nguruwe. Nguruwe mzuri sana, Maivon, mwenye mgongo mpana kama meza ya harusi. Mama yako alikoroga damu kwa soseji huku akinifokea kwamba nashika kisu kama mshumaa. Nimekutundikia paja kwenye moshi. Utalila Pasaka.

Kuhusu mwitikiaji, wewe hukuniletea, basi nimetafuta mwenyewe kwelikweli. Nilianza na padri. Anaimba kama lango lisilotiwa mafuta, na kila mstari ukifika mwisho anataka kusema amina. Nikamjaribu yule mwalimu mwenye ndevu aliyehamia nyumba ya kinu. Kijana mzuri, amejifunza nyimbo zetu kwenye santuri, ana sweta ya sufu aliyoifuma mwenyewe. Lakini yeye anaudaka mstari kabla sijautupa. Nilimwambia, "Mwalimu, niache nimalize, mimi si santuri, siendi popote." Akaandika hilo.

Nikaenda kwa mama yako. Maneno yote anayajua, akiwa peke yake anafua huyaimba, nimemsikia. Nikamwambia, "Chann, niitikie, mtoto wako ana shida." Akanigeukia na kijiko cha supu mkononi.

"Mbele ya kamera? Ili watu wa Paris wanicheke?"

"Wakucheke kwa lipi?"

"Kwa hilo hilo."

Unakumbuka alivyokusimulia kiatu cha mti tulichovalishwa shingoni shuleni, ukikamatwa unaongea lugha ya nyumbani? Hakuna aliyekivaa kama yeye, maana hakuna aliyekuwa na maneno mengi kama yeye. Nadhani bado anakisikia hapo kifuani, ndiyo maana wewe alikulea kwa Kifaransa, na kuku akawalea kwa Kibretoni. Usimwambie nimesema.

Uliuliza pia kuhusu mtu fulani wa ng'ambo ya kijito. Huko nako theluji ilikuwa nyingi.

Mjomba wako,
Visant


Paris, Februari 18, 1979

Mjomba mpendwa,

Salamu. Mimi mzima, mama wa chini mzima, anauliza habari za mbwa. Nashukuru kwa paja la nguruwe. Nimemweleza mpiga picha, amesema sasa ndipo anaiona thamani ya filamu hii.

Najua utakasirika, kwa hiyo kaa chini kwanza. Uliponijibu kwa theluji, nilimpigia simu mama dukani kwa wauza mkate, na yeye hakunijibu kwa theluji. Ameniambia kila kitu.

Ameniambia mmeimba pamoja harusi zote za wilaya tangu mlipotoka jeshini. Wewe mwimbishaji, yeye mwitikiaji. Watu wakisema "Visant anaimba Jumamosi", hawamtaji mwingine. Kisha ile sikukuu ya kijiji cha jirani, wakabandika bango mpaka kwenye mlango wa kanisa: "Visant Coadic na mwenzake." Loeiz akalisoma, akarudi akalisoma tena, akakwambia mbele ya watu, "Leo naanza mimi." Nawe ukasema, "Basi jiitikie mwenyewe." Mkarudi nyumbani kila mtu kwa njia yake, na wachezaji wakabaki wameshikana mikono katikati ya uwanja kama wanaosubiri treni. Tangu siku hiyo hakuna aliyewasikia.

Mjomba! Kwa ajili ya bango!

Nimemwandikia. Naam, nimemwandikia, kwa Kibretoni changu cha kukanyaga mawe. Nimemweleza habari za Bwana Delmas, msimulizi na sabuni. Amenijibu kwa kadi yenye picha ya ng'ombe, neno moja tu: "Aitikie."

Kamera inafika wiki ya Pasaka na itaondoka wiki hiyo hiyo. Siwezi kuwaombea ninyi wawili kwa Bwana Delmas kama watoto waliogombana. Nifanyeje?

Mpwa wako asiye na amani,
Maivon


Kerlouarn, Machi 11, 1979

Maivon,

Wewe ni mtoto wa mama yako. Hilo nilitaka kuliandika kwenye mstari wa kwanza lisikose nafasi.

Sote wazima. Mvua kila siku. Habari kubwa: tumechinja nguruwe. Maivon, nguruwe gani huyo! Mgongo mpana kama meza ya harusi. Mama yako alikoroga damu akinifokea, nami nimekutundikia paja kwenye moshi kwa ajili ya Pasaka. Usimwambie padri.

Sasa hiyo habari ya kuandikiana na watu wa kadi za ng'ombe nyuma ya mgongo wangu. Nilikasirika. Nilikaa na kadi uliyoituma baada ya barua, ile uliyoandika "Mjomba, tafadhali" basi, nikaitazama, nikaipindua, upande wa pili kulikuwa na mnara wenu wa chuma. Nikasema, mimi kwenda kwa Loeiz? Siendi. Ila ilitokea kwamba msimu huu ni wa kupandikiza miti, kuunga kijiti cha mti huu kwenye shina la ule, na hakuna mwenye mtufaha mzuri wa pombe kama yeye, ule mwekundu mchungu. Kwa hiyo nilikwenda kwa sababu ya mtufaha. Hilo liandike kwenye filamu yako.

Nilimkuta uani, kapanda kwenye ngazi, anapogoa. Kazeeka vibaya. Nilifurahi kidogo. Mkewe Seza alichungulia dirishani, akafunga pazia, akalifungua tena.

"Habari za kazi," nikasema.

"Kazi haijambo," akasema bila kugeuka. "Unapita?"

"Napita."

"Kwenda wapi? Njia inaishia hapa."

"Nataka vijiti vya kupandikiza. Vitatu au vinne."

"Kwenu miti imekufa?"

"Kwetu miti mizima. Inaringa tu, imekosa wa kuipa changamoto."

Akashuka. Akaanza kuchagua vijiti, anakata, anafunga na jani la mtete, taratibu kabisa kama ananifungia zawadi ya ubatizo. Na hapo, Maivon, yule mzee mwovu akafanya jambo. Huku kainamia vijiti vyake akaanza kuimba chini chini, mstari wa kwanza wa bi harusi. Alipofika mwishoni akanyamaza.

Hujui adha ya mstari ulioachwa hewani. Kuku waliinua vichwa. Mimi nilitazama mawingu, nikatazama viatu vyangu, nikahesabu majembe yake. Mstari umening'inia pale pale kama shuka kwenye kamba. Shetani mwenyewe asingevumilia. Mdomo ukafunguka, nikaudaka.

Alikuwa ameshautupa wa pili. Nikaudaka huo. Wa tatu, wa nne, bi harusi amefungua kabati, amelia, amekunja mashuka, amelia tena, sisi tumesimama uso kwa uso na rundo la vijiti katikati yetu. Nilipogutuka Seza yupo mlangoni, mikono kiunoni.

"Basi tena!" akasema. "Miaka yote hii nimekuwa nikilala usingizi, sasa yameanza upya!"

Loeiz akaniangalia. "Umeitikia."

"Nilikuwa nasafisha koo."

"Safisha tena."

"Shemeji," nikamwambia Seza, "mumeo ana sauti ya bata."

"Najua. Ingieni, kahawa ipo."

Kahawa ilikuwa na kitu ndani yake. Tumekubaliana hivi: yeye ataimbisha, mimi nitaitikia, kwa mara hii moja, kwa huruma yangu, kwa kuwa mtu amesubiri maisha yake yote na mimi si mtu wa roho mbaya. Uje na mashine yako. Jumatatu ya Pasaka, uani kwa Rohou. Seza ameanza kuwaita watu wa kucheza.

Mjomba wako,
Visant

Umeona? Sijataja bango hata mara moja.


Paris, Mei 6, 1979

Mjomba wangu,

Nakubusu kwanza, na zaidi ya kawaida. Waambie Loeiz na Seza nimewasalimu. Mama wa chini amekula paja la nguruwe huku akifunga macho.

Siku ile uani nilikuwa nahangaika na jua na mawingu, namkimbiza mpiga picha, namwondoa bata mbele ya kipaza sauti. Sikuona kitu. Ni hapa, chumba cha kuhariri, kwenye kioo kidogo kama dirisha la jiko, ndipo nimeona. Watu wameshikana mikono, mstari mmoja mrefu unaopinda kama nyoka kati ya lori la maziwa na zizi. Padri miguu yake haifuati mtu. Mwalimu wa ndevu anatabasamu kama aliyefunuliwa siri. Na pale nyuma, aproni ya buluu: mama! Aliyeapa kwamba hatakanyaga uani! Anacheza, na mdomo wake unasema maneno yote. Nimeirudisha sehemu hiyo mara nyingi mpaka mtu wa chumba cha pili akaniuliza kama mashine imekwama.

Sasa sikiliza yaliyotokea. Bwana Delmas alikuja kutazama. Akatazama mpaka mwisho, akasema, "Nzuri. Tumwite msimulizi."

Nikasema, "Tulikubaliana."

Akasema, "Kidogo tu. Maneno mawili matatu, watu wajue ni nini." Akamwita siku hiyo hiyo. Akaja bwana mmoja na skafu ya hariri, mpole, akasimama mbele ya kipaza sauti na karatasi yake. Tukawasha filamu. Yeye ni fundi, anajua kazi: unasubiri anayeimba avute pumzi, unaingiza sentensi yako hapo. Basi akasubiri. Loeiz alipokaribia kumaliza, bwana akafungua mdomo, na wewe hapo ukawa umeshaudaka. Akafunga. Ulipokaribia kumaliza akafungua tena, Loeiz huyo. Akafunga. Alifungua na kufunga mdomo mpaka mwisho wa wimbo kama samaki sokoni. Akaweka karatasi chini, akasema, "Bwana Delmas, hawa watu hawaachi tundu."

Wakajaribu kushusha sauti zenu ili yake isikike. Ikawa kundi la watu wanakanyagakanyaga tope bila sababu, kama wanazima moto. Bwana Delmas mwenyewe alicheka. Akatembea mpaka dirishani akarudi, akasema, "Waache." Kisha akasema filamu yote iende hivyo, kwa Kibretoni, maneno chini. Nilishuka ngazi nikakaa barabarani kwenye ngazi ya mwisho, na nililia, kama ulivyoonya kwenye barua yako ya kwanza.

Kuna jambo jingine nimeliona kwenye kile kioo kidogo. Pale bi harusi anapokutana na mama mkwe, wewe unanyamaza. Uso wako unakuwa kama wa mtu aliyeingia chumbani akasahau alichofuata. Loeiz hakutazama pembeni wala hakusita. Alikubana mkono, akaimba kipande chake na chako pia, akasogeza mdomo sikioni mwako, mpaka ukaingia tena. Wachezaji hawakujua. Mimi mwenyewe sikujua, na nilikuwa nimesimama hapo hapo.

Na habari za nguruwe umeniandikia mara mbili, Mjomba, karibu kwa maneno yale yale.

Sikuulizi kwa ajili ya filamu. Nauliza kwa ajili yangu. Ni tangu lini?

Mpwa wako,
Maivon


Kerlouarn, Juni 10, 1979

Maivon, mpwa wangu,

Salamu nyingi. Huku tunakata majani na mvua inatukata sisi. Mama yako mzima. Tangu asikie yumo kwenye filamu amekuwa mtu mwingine, amenunua aproni mpya, ingawa nimemweleza kwamba filamu imeshapigwa na ile ya zamani. Anauliza kama ameonekana mnene. Nimemwambia ndiyo. Hajanisemesha tangu jana, na nyumba imetulia vizuri.

Lakini Jumapili baada ya misa nimesikia kitu. Alikuwa na yule mtoto wa mwalimu wa ndevu, kambeba kiunoni, anamwonyesha bata. Kwa lugha gani? Nakuachia ukisie. Aliponiona akageuza maneno, halafu akaona ni mimi tu, akaendelea.

Huyo bwana wa skafu nimempenda. Mwambie akija huku tutampa pombe ya tufaha, na atapata nafasi ya kusema tukiwa tumelala. Loeiz nilimsomea barua yako, akacheka mpaka akashika ng'ombe asianguke. Sasa anatembea kijijini kifua mbele, kwamba yeye ndiye mwimbishaji wa filamu. Anaimba kama bata bado. Wametuita harusi ya mjukuu wa Seza, na bango limeandikwa "Loeiz Rohou na mwenzake." Nililisoma. Nikarudi nikalisoma tena. Nikaenda kumpongeza, maana kazi ya mwenzake ni nyepesi kuliko nilivyodhani. Yeye ndiye anayehangaika kutafuta maneno, mimi naletewa mdomoni kwa kijiko.

Kuhusu nguruwe: alikuwa nguruwe mzuri, alistahili barua mbili.

Kuhusu lile swali lako la mwisho, mtu wa posta amesimama mlangoni ananiharakisha, kwa hiyo sina nafasi. Nitasema hivi tu. Maneno siku hizi ni kama kuku wangu, lango likiachwa wazi wanatoka. Jioni wengi wanarudi. Mmoja mmoja analala nje. Loeiz aliligundua siku ile ya vijiti, tulipofika kwenye mashuka, na hakusema kitu, alikaza tu mstari uliofuata ili nisipate nafasi ya kuogopa. Mwovu yule. Ningekuwa na umri mdogo ningempiga.

Mtu wa posta anasema ana haraka. Nimempa glasi, sasa hana.

Sasa sikiliza, maana kuna jambo dogo unanidai. Mimi, Visant Coadic, ambaye tangu kuzaliwa sijawahi kufuata mkia wa mtu, nimeitikia mbele ya wilaya nzima, mbele ya mashine, kwa ajili yako. Basi na wewe uniitikie mimi. Si ule wa bi harusi, huo ni mrefu na mama mkwe ana tabia ya kupotea. Kuna mfupi, wa mwanamke aliyemfukuza mbweha kwa ufagio, alikuwa akiuimba bibi yako, na bado ninao wote. Niliujaribu asubuhi zizini. Njoo baada ya mavuno, bila kamera, bila mtu wa sauti. Mimi nitaanza, wewe utaudaka mkiani. Ukikosea nitakutukana, na matusi nayo uyadake.

Usiache mpaka Krismasi. Na ukija, simama upande wangu wa kushoto, sikio la kulia limekufa.

Mjomba wako,
Visant